Zile ngumi za filamu bubu, walikuwa wanapigana kweli?

SWALI: Habari za kazi mhariri. Nimeona kipande cha ndondi cha 1894, Corbett na Courtney, ulingo mdogo halafu raundi zinaisha fasta mno. Lile pambano la kweli au maigizo? Na vichekesho kwenye filamu vilianza lini?

JIBU: Lilipangwa ndugu msomaji, na sababu kubwa ni mashine yenyewe. Kamera ya Edison, yule mvumbuzi wa Marekani, ilikuwa inameza mkanda wa dakika moja na kidogo tu, basi raundi ikakatwa ilingane na mkanda, zikawa raundi sita, na Courtney akalala ya sita kama walivyokubaliana. Corbett wakati huo ndo bingwa wa dunia uzito wa juu, siyo mtu wa mchezo! Ulingo nao ulibanwa kwa sababu kamera haigeuki, ukirudi nyuma hatua mbili tatu umeshatoka kwenye picha. Na watu hawakukaa ukumbini, unachungulia kwenye tundu la mashine mtu mmoja mmoja, kila raundi na mashine yake, kwa hiyo ukiitaka nokauti unalipia mpaka ya mwisho.

Studio yake Edison ilikuwa New Jersey, kibanda cha mbao kimevikwa karatasi nyeusi za lami, paa linafunguka na kibanda kizima kinazungushwa kwenye reli kufuata jua. Humohumo mwaka huohuo wakarekodi paka wawili wamevalishwa glavu wanapigana, so vichekesho na ndondi vimezaliwa nyumba moja kabisa.

Ila kichekesho chenye hadithi ni cha akina Lumière wa Ufaransa, 1895. Mtunza bustani anamwagilia, kijana anakanyaga mpira wa maji, maji yanakata, mzee anachungulia mdomo wa mpira, kijana anaachia mguu, maji usoni. Sasa angalia kinachofuata, napapenda sana hapa: kijana anakimbia, mzee anamkamata, halafu hamchapi palepale, anamburuta kwanza hadi mbele ya kamera ndo anamtandika. Angemchapa kulekule pembeni tusingeona vizuri.

Na ukikutana na filamu ya ngumi ya Corbett na Fitzsimmons ya 1897 kuwa makini, pambano lenyewe lilirekodiwa kweli kule Carson City, Nevada, lakini Lubin, mtengeneza filamu wa Philadelphia, naye alichukua watu wawili wakaliigiza akauza ya kwake.