Kabla hujamshuku mweka hazina

Huku kwetu Nakuru watu hawakosani sana kwa mambo makubwa. Hukosana kwa sababu ya pesa kidogo ambazo hazionekani, simu isiyopokelewa, jirani aliyepita bila salamu. Nimekaa kwenye vyama na kamati za harambee na matanga kwa miaka mingi, na nimeona urafiki wa tangu utotoni ukivunjika kwa shuku ambayo hakuna aliyeketi kuipima. Ndiyo maana nazipenda kanuni chache za kufikiri ambazo wanafalsafa huziita nyembe, kwa kuwa kazi yake ni kunyoa maelezo ya ziada ili ubaki na yanayoweza kusimama. Nazieleza jinsi ninavyozitumia nyumbani na mkutanoni, na naamini zinaokoa watu.

Ninayoitumia zaidi inaitwa wembe wa Hanlon, na imejulikana kwa jina hilo tangu miaka ya 1980: usimwekee mtu nia mbaya pale ambapo kutojua au kutokuwa makini kunatosha kueleza kilichotokea. Kuna siku katika chama chetu mchango wa mwenzetu haukuwa kwenye daftari. Shilingi elfu tatu. Yeye aliapa kuwa alituma, mweka hazina akaapa kuwa hakupokea. Haikuchukua muda minong'ono ikaanza. Mmoja akakumbuka kwamba mweka hazina amenunua meko mapya ya gesi, mwingine akasema siku hizi hata haongei na watu. Meko hayo sote tulikuwa tumeyaona na kuyasifia, na chai yake tukainywa. Mara shuku ilipoingia, meko yakageuka ushahidi.

Mama mmoja wa makamo akanyanyua mkono. "Dada zangu, kabla hatujamtaja mwizi, hebu tusomewe ujumbe wa simu, na namba yenyewe isomwe pia." Ukasomwa kwa sauti. Jina lilikuwa la mweka hazina, lakini namba ilikuwa ya laini yake ya zamani, ile iliyobaki ndani ya simu ndogo ya kabambe iliyolala kabatini. Kijana alitumwa nyumbani, simu ikachajiwa, na pesa zilikuwa humo zimetulia. Kilichonigusa ni jinsi tulivyokuwa karibu kumpoteza mtu mwaminifu, na jinsi swali moja dogo lilivyotosha kumrudisha.

Lakini wembe huu una mpaka wake, na Mkenya asiyeujua ataliwa kila siku. Kuna mzee ninayemfahamu upande wa Njoro, anafuga ng'ombe na kupeleka maziwa yake kupimwa kila asubuhi. Alihisi kipimo cha huko hakilingani na chake. Hakupiga kelele. Alinunua daftari, akawa anapima maziwa nyumbani kabla ya kutoka, anaandika, kisha anaandika kando yake kilicho kwenye risiti. Alifanya hivyo mwezi mzima. Siku nyingine pengo lilikuwa nusu lita, siku nyingine lita nzima, ila halikuwahi hata mara moja kuwa kwa faida yake. Hilo ndilo la kutazama. Kosa la bahati mbaya hupotea huku na kule: leo linakupunja, kesho linakuongezea. Kosa linaloelekea mfuko mmoja kila siku linahitaji maelezo mengine, iwe ni mizani mbovu au mkono wa mtu. Mzee aliwaonyesha wafugaji wenzake, nao wakakuta yao ni yale yale, wakaenda pamoja kudai mizani ikaguliwe na afisa wa vipimo. Walipoulizwa wana ushahidi gani, aliweka daftari mezani.

Kwa hiyo mimi huanza na dhana njema, kisha nahesabu makosa yanaelekea wapi. Dhana njema bila kuhesabu ni kujitoa mhanga, na ukianza kwa shuku utakuta huna rafiki.

Wembe unaojulikana kuliko wote ni wa William wa Ockham, mtawa Mfransisko wa Uingereza aliyefariki mwaka 1347: usiongeze visababishi kama hulazimiki. Sisi wa Nakuru tulipata somo lake kwenye ziwa letu. Tangu mwanzoni mwa miaka ya 2010 maji ya Ziwa Nakuru yalipanda, yakameza lango la zamani la hifadhi, yakaingia kwenye nyumba na mashamba ya watu. Maelezo yakawa mengi. Kuna waliosema chini ya ziwa kumepasuka kitu, kuna waliosema ni laana, wengine wakasema kuna njama ya kuwafukuza watu ili ardhi ichukuliwe.

Sasa tazama kote. Naivasha ilipanda. Baringo ilipanda ikazamisha shule na hoteli. Bogoria ilipanda. Mwaka 2020 hata Ziwa Victoria, ambalo haliko kwenye bonde letu, lilivuka kiwango chake cha juu cha mwaka 1964, na watu wa ufukweni Kisumu wakahama. Ukisema ni njama ya ardhi ya Nakuru, utahitaji njama nyingine ya Baringo na nyingine ya Kisumu. Ukisema ni mvua nyingi ya miaka iliyofuatana, pamoja na misitu iliyokatwa hivi kwamba maji na udongo vinateremka kwa kasi, jibu moja linabeba maziwa yote. Linaeleza hata kuhama kwa heroe (flamingo): maji yalipopungua magadi, mwani wanaoula ulipungua, wengi wao wakahamia Bogoria. Wembe huu hausemi kwamba jibu fupi ndilo la kweli daima. Unasema lijaribiwe kwanza, na likishindwa ndipo uongeze jingine.

Ipo tabia yetu ya kufunga mjadala kwa methali. Mtu akisema "haraka haraka haina baraka", wote wanatikisa kichwa, kana kwamba kesi imekwisha. Lakini mwenzake angeweza kusema "ngoja ngoja huumiza matumbo", na vichwa vingetikiswa vile vile. Methali hukufundisha jinsi ya kusema jambo ulilokwisha kulipima, yenyewe haikupimii. Hapa namkumbuka Henry Odera Oruka, mwanafalsafa aliyezaliwa mwaka 1944 katika eneo ambalo leo ni Kaunti ya Siaya na kufundisha Chuo Kikuu cha Nairobi hadi kifo chake mwaka 1995. Yeye alikwenda vijijini kuwahoji wazee, akatofautisha aina mbili za wenye hekima: anayezijua vizuri hekima za jamii yake na kuzisimulia, na yule anayezijua kisha akathubutu kuzihoji kwa akili yake mwenyewe. Wote wawili wanastahili heshima. Lakini unapokuwa na uamuzi mgumu wa kugawa shamba au kumwozesha binti, tafuta yule wa pili.

Kuhusu ushuhuda nitasema jambo linaloniuma. Mwaka 2011 maelfu ya watu, wakiwemo wengi kutoka Kenya, walisafiri hadi Samunge, Loliondo, nchini Tanzania, kunywa kikombe cha dawa ya mitishamba ya mchungaji mstaafu Ambilikile Mwasapile, iliyodaiwa kuponya magonjwa sugu. Habari zilienea kwa ushuhuda: fulani alikunywa, akapona. Simlaumu mgonjwa aliyechoka. Ninachoomba ni tuulize ni nani hasikiki katika simulizi hizo. Aliyejisikia nafuu alizungumza kanisani na kwenye matatu. Aliyeacha dawa zake akazidiwa hakupewa kipaza sauti, na aliyefariki hakuwa na la kusema. Mwanafalsafa David Hume aliandika mwaka 1748 kwamba mwenye busara huipa imani yake uzito unaolingana na ushahidi. Dai la kuponya magonjwa sugu kwa kikombe kimoja ni zito kupita kiasi, hivyo sauti za waliorudi wakiwa na furaha haziwezi kulibeba peke yake.

Kwa mambo ya pesa swali langu ni moja, nalo limetokana na mwanafalsafa Karl Popper: ni kitu gani kikitokea, utakubali kwamba ulikosea? Mletee swali hilo mtu anayekuuzia mradi wa kuzidisha pesa. Malipo yakija, ni uthibitisho. Yakichelewa, mitambo inarekebishwa. Yakikoma, ni maadui wanaopiga vita mradi. Dai ambalo halishindwi na jambo lolote halijakuambia kitu, na akiba yako haina sababu ya kulifuata.

Kuna mahali kanuni hizi nazinyamazisha. Matangani, chini ya hema, mama aliyempoteza mwanawe akisema amerogwa, simbishii. Namshika mkono, naosha vyombo, nachota maji. Huzuni ina wakati wake.

Mambo hubadilika pale jina la mtu aliye hai linapotajwa. Mwaka 2008 huko Kisii watu wasiopungua 11 walichomwa hadi kufa kwa tuhuma za uchawi, na Oktoba 2021, huko Marani katika kaunti hiyo hiyo, akina mama wazee wanne waliuawa kwa tuhuma kama hizo. Waliowaua walikuwa na uhakika kabisa. Nikisikia jina likinong'onwa, sisubiri mazishi yaishe. Namtafuta mzee wa ukoo au chifu siku hiyo hiyo, namwomba akae na vijana na awaulize mmoja mmoja: nani aliona, aliona nini kwa macho yake, na hospitalini walisema marehemu aliugua nini?