Sera ya nje ya China: futa hiyo sura ya Angola kabla jopo halijakufutia

Futa. Hiyo sura ya kwanza ya tasnifu yako, uliyoibandika hapa ukiomba ushauri, ifute leo, kabla hujamtumia msimamizi wako. Umesema utaigawa sera ya nje ya China mafungu matatu, kwa viongozi wake: Mao wa kusafirisha mapinduzi, Deng wa biashara, Xi wa ubabe. Halafu fungu la Mao ulithibitishe kwa Angola, "ambako China iliiunga mkono MPLA kwa kuwa ilikuwa rafiki wa wakombozi wote". MPLA ni kimoja cha vyama vitatu vilivyopigania uhuru wa Angola dhidi ya Wareno, kisha vikapigana vyenyewe kwa vyenyewe. Mdogo wangu, sentensi hiyo naijua. Niliwahi kuiandika, karibu neno kwa neno, na ilinila ada ya mwaka mwingine.

Na najua umeitoa wapi. Kuna desa, yaani notisi za kunakiliana, linazunguka vyuoni tangu enzi za fotokopi, siku hizi linatumwa kwa simu, halina jina la mwandishi, na ni busara yake kulificha. Mimi nililetewa na kaka mmoja aliyenitangulia, mtu wa sauti nzito na kalamu nne mfuko wa shati. Akaniambia hii ndiyo roho ya kozi, mengine ni mbwembwe za walimu. Sasa mtu mwenye kalamu nne utamshukuje? Hakuwahi kufungua hata ukurasa mmoja wa historia ya Angola, lakini alikuwa anaizungumza kama kazaliwa Luanda. Kama upo humu kaka, nakusalimu, na ukinilipa nusu ya ada nitakusamehe yote.

Siku ya kutetea tasnifu nimevaa suti ya kuazima, nyumbani keki imeshaagizwa. Mama mmoja kwenye jopo, mpole kabisa, akauliza: mwaka 1974 wakufunzi wa kijeshi wa China walikuwa Zaire wakimfundisha nani? Nikajibu MPLA. Nilijibu kwa kujiamini, hilo ndilo linalonichoma mpaka leo. Akarudia swali, akalikazia neno Zaire. Nikarudia jibu, nami nikalikazia neno MPLA. Wenzake wakaanza kupekua makaratasi ambayo hayakuwa na haja ya kupekuliwa.

Sasa sikiliza. Walikuwa wanaifundisha FNLA ya Holden Roberto, mahasimu wa MPLA, kambi ya Kinkuzu, kwa baraka za Mobutu, rais wa Zaire, Kongo ya leo. Ndiyo, Mobutu yule yule. Mwaka 1964 China ilikuwa upande wa waasi wa Kongo, waliopigana na jeshi lake. Januari 1973 Mobutu yuko Beijing anapokewa kwa heshima zote. Na FNLA ndiyo iliyokuwa inalishwa pia na CIA. Savimbi wa UNITA, chama cha tatu, naye alipata mafunzo China miaka ya sitini. MPLA nao hawakuwa wageni, kiongozi wao Neto mwenyewe alikwenda Beijing 1971, ila kadiri silaha za Moscow zilivyozidi kwake ndivyo Beijing ilivyozidi kumpa mgongo. Makaburu walipoingia vitani, China ikaona aibu ya kuonekana safu moja nao, ikawaondoa wakufunzi wake mwishoni mwa Oktoba 1975, siku chache kabla ya uhuru wa Angola wa tarehe 11 Novemba.

Usidhani baada ya hapo ilirudi kwa MPLA. Machi 1976 Baraza la Usalama lilipopitisha azimio namba 387 la kulaani uvamizi wa Afrika Kusini, China haikushiriki kupiga kura, kwa sababu azimio lilikaa kimya kuhusu Warusi na Wakuba. Uhusiano wa kibalozi na Luanda ulikuja kuanza Januari 1983. Sasa hiyo "rafiki wa wakombozi wote" unaiweka wapi? Mimi niliiweka ukurasa wa kwanza kabisa wa sura, kwa herufi nzito.

Keki tuliila hivyo hivyo. Sukari haina kosa.

Mama yule baadaye alinikuta kwenye korido, akanipa kazi moja ambayo ndiyo nakupa na wewe. Kabla hujaandika neno lolote juu ya kile China ilichofanya mwaka fulani, andika pembeni: mwaka huo adui yake mkubwa alikuwa nani? Jina la kiongozi liache kwanza. Itikadi iache kwanza. Adui nani.

Jaribu uone. Mwaka 1950 adui ni Marekani: mkataba na Moscow unasainiwa Februari, Oktoba majeshi yanaingia Korea. Mwaka 1960 Warusi wanawaondoa wataalamu wao China, 1969 wanapigana wao kwa wao kisiwa cha Zhenbao kwenye mto Ussuri. Basi adui kabadilika, na kila kitu kinabadilika nyuma yake. Julai 1971 Kissinger, mshauri wa Rais Nixon wa Marekani, anasingizia tumbo akiwa Pakistani, kumbe kapanda ndege kwenda Beijing. Februari 1972 Nixon huyo, anakaa kitako na Mao. Mao yule yule wa mapinduzi! Pinochet anapindua Chile 1973, Warusi wanakata uhusiano, China inabaki na ubalozi wake Santiago. Vietnam iliyosaidiwa na China kwa askari na silaha dhidi ya Mmarekani inasaini mkataba na Moscow Novemba 1978. Februari 1979 jeshi la China linavuka mpaka kuishambulia. Hiyo vita ya mwisho imepiganwa chini ya Deng, mdogo wangu, Deng wako wa biashara. Kwa hiyo na mstari uliochora kati ya Mao na Deng unavuja, kwa sababu mambo mengi ya miaka ya sabini yanapita juu yake bila kubisha hodi.

Hata TAZARA, reli ya Tanzania na Zambia, ambayo nakuona umeiandika kama tendo la undugu tu. Undugu ulikuwepo, nenda Gongo la Mboto ukayaone makaburi ya Wachina waliofia kazi ile. Lakini mkataba ni wa 1967. China wakati huo ina maadui wawili kwa mpigo, Washington na Moscow, na kiti cha Umoja wa Mataifa kinakaliwa na Taipei, yaani serikali ya Taiwan. Inahitaji marafiki na inahitaji kura. Wazungu walikuwa wameikataa reli ile kwa madai kwamba hailipi. China ikakopesha bila riba, ikajenga kilomita 1,860 kuanzia 1970 hadi 1975. Katikati ya ujenzi, tarehe 25 Oktoba 1971, azimio namba 2758 la kuipa Beijing kiti hicho likapita kwa kura 76 dhidi ya 35, na kama theluthi moja ya hizo 76 ni za Afrika. Undugu na hesabu vilipanda treni moja, na tasnifu yako iseme hivyo.

Baada ya 1991 Mrusi hayupo, na hapo desa linakutupa kabisa. Uliza swali lile lile kwa namna nyingine: nani anaitenga China? Baada ya Juni 1989, jeshi lilipowaua waandamanaji Beijing, ilikuwa nchi za Magharibi kwa vikwazo, na upande mwingine Taiwan inagombea nayo mabalozi. Ndiyo maana tangu 1991 waziri wa mambo ya nje wa China huanza ziara zake za mwaka barani Afrika. Afrika Kusini ikahama kutoka Taipei Januari 1998, Burkina Faso 2018, leo Afrika upande wa Taipei amebaki Eswatini peke yake.

Xi sikusemei sana. Ila hapo kwenye Hambantota umeandika kwamba China "iliinyakua bandari baada ya Sri Lanka kushindwa kulipa". Desa lile lile, toleo jipya. Mwaka 2017 ilikodishwa miaka 99 kwa dola bilioni 1.12, Sri Lanka ikaziweka kwenye akiba yake ya fedha za kigeni kwa sababu ilibanwa na wadai wa hatifungani, na mkopo wa kujengea bandari haukufutwa. Rekebisha.

Na ukitaka kufunga sura ya Angola kwa kicheko: mwaka 2004 benki ya Exim ya China ilitoa mkopo wa dola bilioni 2 kwa dhamana ya mafuta. Kwa serikali ya nani? MPLA.

Uliuliza na vitabu, nadharia, sijui na kujifunza Kichina. Hayo baadaye. Leta hapa kwanza jedwali, 1949 hadi 1989, kila mwaka na adui wake, nitalipitia lote. Ila kwenye 1975 ukiandika Marekani, usinitumie.