"Huyu dada huwa ananisaidia"

Shangazi, shikamoo. Kwa miaka miwili nimekuwa meneja wa kijana mchekeshaji hapa Mbagala. Nimemtafutia steji, nimemrekodia klipu kwa simu yangu, nikakopa 350,000 kwenye kikoba kwa ajili ya mavazi na nauli zake. Sasa kuna kampuni inataka awe balozi wake. Kwenye kikao akanitambulisha: "Huyu dada huwa ananisaidia." Hatujaandikishana chochote. Nikidai changu nitaonekana nina tamaa?

Marahaba, mwanangu. Tamaa iko wapi hapo? Umeniandikia kwamba akiwa jukwaani wewe unakaa nyuma ya ukumbi, na muda ukikaribia kuisha unammulika kwa tochi ya simu ili afunge watu wakiwa bado wanacheka. Hiyo ni kazi, na wanaoifanya vizuri ni wachache. Ila nawe miaka yote hiyo ulikuwa ukiiita msaada. Yeye kakitamka alichokuwa akikisikia kwako.

Mfuate mchana, siku asiyokuwa na shoo, kabla hajasaini na hiyo kampuni. Nenda na daftari. Anza na deni la kikoba peke yake, maana hilo ni deni, halina uhusiano na asilimia. Mkishakubaliana atalilipa lini, ndipo mzungumze komisheni. Mameneja wengi huchukua kati ya asilimia 10 na 20. Mwandike unalipwa kwenye kazi zipi, kwa muda gani, na mkiachana itakuwaje kwa zile ulizozileta wewe. Hapo kwenye kuachana ndipo watu wanapoumizana, msiparuke kwa kuoneana haya.

Mkumbushe Mzee Majuto. Mwaka 2018, akiwa kitandani anaumwa, nchi nzima ilikuwa ikizungumzia mikataba yake ya matangazo, hadi Mwakyembe, aliyekuwa Waziri wa Habari wakati huo, akaunda kamati ya kuichunguza. Mzee aliyetuchekesha miaka yote ile! Kijana wako naye anahitaji mtu wa kumsomea karatasi za kampuni mstari kwa mstari, na mtu huyo anaye tayari. Mwambie hivyo hivyo. Nyote wawili muwe na wakili, hata wa msaada wa kisheria.

Akikataa, usitukane wala usirushe mambo mtandaoni. Makubaliano ya mdomo nayo sheria yetu ya mikataba inaweza kuyatambua, shida huwa ushahidi. Kwa hiyo usifute meseji za M-Pesa, wala zile sauti za WhatsApp anazokuuliza "meneja, kesho tunaanzia wapi?" Zihifadhi leo.

Na ile namba ya kumkodi iliyo kwenye mabango na kwenye ukurasa wake wa Instagram, umesema ni laini yako. Isikutoke mkononi mpaka muwe mmesaini. Ukishaongea naye niandikie, nasubiri.