Maswali ya Wasomaji: Bibi na Helen

SWALI: Shikamoo anti. Bibi yangu kakulia Unguja, na sinema za Kihindi usimguse. Juzi kamuona Salman Khan kwenye TV akaanza, oh huyu mama yake wa kambo ni Helen, hakuna mcheza densi kama yule, alikuwa anaimba mwenyewe, anacheza nusu uchi, na utotoni alikimbia vita kwa miguu kutoka Burma. Nikamwambia bibi hapo mwisho umechanganya na sinema. Tumewekeana kreti ya soda, tuamulie.
Mjukuu mbishi, Dar

JIBU: Marahaba mbishi. Hilo unalobisha ndo la kweli kabisa. Helen kazaliwa Rangoon 1938, baba kafa vitani, mama kabeba watoto wakakimbia Wajapani, wakatembea misituni mpaka Assam, India, njiani mimba ikatoka, na kaka mtu akafia Calcutta. Walipofika Bombay mama akawa nesi, mshahara hautoshi, binti akaacha shule. Cukoo, mcheza densi aliyekuwa juu wakati huo, akamuingiza kwenye kundi la wachezaji wa nyuma, na hata sinema ya Awaara ya 1951 yumo humo, ile ambayo bibi yako lazima kaiona.

Jina likaja 1958 na sinema ya Howrah Bridge, anacheza wimbo wa Mera Naam Chin Chin Chu, ana miaka 19. Ila sauti ni ya Geeta Dutt! Helen anafungua mdomo tu, kama waigizaji wengi kule, na baadaye mwenye sauti akawa Asha Bhosle. Mi linaloniuma ni ule wimbo wa Yeh Mera Dil kwenye sinema ya Don, 1978, Helen kaicheza yuko karibu miaka 40 na bado anawaka, tuzo ya Filmfare, ile kubwa ya sinema za Kihindi, ikaenda kwa Asha aliyeimba. Si kwamba Asha hakustahili, lakini kwa mcheza densi tuzo ilikuwa haipo. Yake aliipata kwa kuigiza, kwenye sinema ya Lahu Ke Do Rang, na 2009 serikali ya India ikampa nishani ya heshima ya Padma Shri.

Nusu uchi nayo hapana. Alikuwa anavaa nguo ya kubana ya rangi ya ngozi ndani ya yale manyoya na vitu vya kumetameta, kwa mbali unaona ngozi kumbe kitambaa. Na mtu mwenyewe kasomea Manipuri na Kathak, densi za jadi za India, si wa kuokotwa kilabuni, shoo za jukwaani kapiga mpaka London na Paris. Basi tu kwenye sinema walimpa yule mwanamke wa baa anayekufa kabla picha haijaisha, stelingi anaoa mwingine. Salim Khan, baba yake Salman, kamuoa 1981.

Kwa hiyo bibi kakosa mawili, wewe moja, ila lako ndo kubwa. Kreti unanunua wewe, na usimletee za moto.