Karatasi Iliyobanduliwa Kashani

Mmeuliza juma hili kama kitu cha kale huwa na thamani zaidi kinapokuwa hakijulikani kilikotoka. Kabla ya kujibu, ningependa tuulizane ni nani aliyeipoteza hiyo asili.

Chukueni makasha yanayouzwa Mji Mkongwe. Huitwa ya Zanzibar, ingawa mengi yaliletwa na majahazi wakati wa kaskazi kutoka pwani ya magharibi ya Bara Hindi, yakiwa ya mti wa msaji, yamepigwa mabamba na misumari ya shaba, na mengine yaliundwa papa hapa au Lamu. Baada ya Mapinduzi ya 1964 familia nyingi ziliondoka, vyombo vikauzwa harakaharaka, na waliojua habari za kila kasha wakaenda zao. Upotevu wa namna hiyo sina neno nao.

Uko mwingine ambao ni wa kutengenezwa. Shangazi yangu alipoamua kuuza kasha la marehemu bibi, alikuja dalali mmoja aliyevuta saraka tatu za chini moja baada ya nyingine, akizinusa kama mtu anayenunua samaki, kisha akafungua kile kijisanduku cha ndani pembeni, alimokuwa bibi akiweka udi na hati zake. Alipoinua kifuniko tukaiona karatasi iliyogandishwa kwa ndani, imegeuka manjano, ina jina la fundi na mtaa wake kwa herufi za Kiarabu. Shangazi akaisoma kwa sauti, kwa fahari. Dalali akaomba maji na kitambaa, akailowesha, akangoja, akaikwangua polepole kwa ukucha wa kidole gumba hata ikatoka vipande vipande. "Bi mkubwa," akasema, "kasha la fundi wa mtaa wa pili ni samani tu. Hili likinyamaza, mteja atalisemea mwenyewe." Shangazi alihamaki, ila bei ilipotajwa, naye akanyamaza.

Nilishika kalamu nikikusudia kuwalaumu wanunuzi wanaolipia kutojua, lakini kadiri ninavyoandika ndivyo hasira inavyonipungua. Mgeni anayeambiwa kwamba kasha huenda ni la Shiraz, huenda lilikaa jumba la Sultani, ananunua ile "huenda", na anaipata. Isitoshe, bibi mwenyewe, aliyekuwa akilifungua kasha lile kila siku na kusoma aliweza, alitusimulia miaka yote kwamba lilitoka Surat, huko Bara Hindi, kwa jahazi, nasi tukikaa karibu nalo kwa sababu hiyo.

Kwa hiyo jibu langu ni ndiyo, kina thamani zaidi, angalau kwa anayekipenda, na hata mimi ningelinunua kasha lisilo na habari kabla ya lile lenye hati, mradi muuzaji aniruhusu kwanza niinue kifuniko mwenyewe, nipapase kwa ndani kama pana mabaki ya gundi.