Maswali ya Wasomaji: Ukifuta Konsoli ya Mkononi, Michezo Uliyohifadhi Huenda Wapi?

SWALI: Ndugu Mhariri, ninayo Nintendo Switch ambayo nimeamua kumpa binamu yangu, kwa kuwa nimekwisha kununua nyingine ya aina hiyo hiyo. Kabla ya kumkabidhi nataka kuirudisha katika hali iliyotoka nayo kiwandani, ili akaunti yangu isibaki humo. Michezo yangu miwili ni ya kadi, na mingine niliipakua ikakaa kwenye kadi ya microSD. Rafiki yangu ananihakikishia kwamba nikizitoa kadi zote hizo na kuzipachika kwenye mashine mpya nitaendelea pale nilipoishia. Je, ni kweli? Katika mchezo mmoja nimeshatumia zaidi ya saa 200. (Msomaji mwenye wasiwasi)

JIBU: Ndugu msomaji, usifute chochote kwanza. Rafiki yako anakutakia mema, lakini ushauri wake ungekupotezea hizo saa 200 zote, na usingekuwa na njia ya kuzirudisha.

Anayoyasema yalikuwa kweli zamani, na ndiyo maana wengi bado wanayaamini. Tangu Game Boy ya mwaka 1989 hadi Nintendo DS ya mwaka 2004, mchezaji alizoea kwamba pale alipofikia panahifadhiwa ndani ya katriji au kadi ya mchezo wenyewe, hivyo ungeweza kumwazima jirani mchezo wako na akaanzia ulipoachia wewe, kwenye mashine yake. Switch, iliyotoka mwaka 2017, iliuacha utaratibu huo kabisa. Kadi ya mchezo hubeba mchezo tu. Kadi ya microSD hubeba michezo uliyopakua, masasisho yake, pamoja na picha na video ulizonasa. Rekodi za uchezaji wako, yaani kila hatua uliyohifadhi, hukaa kwenye kumbukumbu ya ndani ya konsoli na si mahali pengine, na wala hakuna mpangilio unaokuruhusu kuzihamishia kwenye microSD. Ukipachika kadi ya mchezo kwenye mashine mpya, mchezo utafunguka vizuri, kisha utakukaribisha kama mtu aliyeununua leo asubuhi, na ile ya microSD utalazimika kuipakua upya kwa akaunti yako, kwa kuwa michezo iliyopakuliwa kwenye microSD hufungamana na konsoli iliyoipakua.

Inafaa pia tuelewane kuhusu neno lenyewe, kwa sababu barua nyingi tunazopokea huita mambo matatu kwa jina moja la «kuriseti». La kwanza ni kubana kitufe cha kuwashia kwa sekunde 12 au zaidi pale mashine inapoganda. Hilo huizima kwa nguvu tu, na unachopoteza ni kile ulichocheza baada ya kuhifadhi mara ya mwisho. La pili na la tatu hukaa pamoja kwenye menyu ya matengenezo, inayofunguka iwapo mashine imezimwa kabisa nawe ukashikilia vitufe viwili vya sauti huku ukibonyeza cha kuwashia. Humo utakuta chaguo mbili zinazofanana sana kwa maneno: moja huirudisha konsoli katika hali ya mwanzo bila kufuta rekodi za michezo, nyingine huirudisha na kufuta kila kitu. Kinachozitofautisha ni maneno machache tu, na mtu mwenye haraka anayeisoma skrini hiyo kwa mara ya kwanza anaweza kabisa kuchagua isiyo yake. Ya kwanza ni tiba ya mashine inayosumbua ambayo utaendelea kuitumia mwenyewe. Kwa mashine unayomgawia mtu unahitaji ya pili, ambayo pia inapatikana kwenye mipangilio ya kawaida, ndani ya sehemu ya mfumo.

Kwa hiyo kazi yako ni kuhamisha kwanza, kisha kufuta. Kwa kuwa unazo mashine zote mbili, njia iliyo bora, na isiyohitaji malipo yoyote, ni kumhamisha mtumiaji mzima kutoka konsoli moja hadi nyingine kupitia mipangilio ya watumiaji. Ziweke karibu, ziunganishe zote na intaneti, kisha fuata maelekezo ya skrini. Ikiwa akaunti yako imekwisha kuunganishwa na mashine mpya, unaweza pia kuzituma rekodi mchezo mmoja mmoja kupitia usimamizi wa data. Ujue tu kwamba huku ni kuhamisha wala si kunakili, yaani rekodi ikishafika upande wa pili hutoweka upande wa kwanza. Chaji betri zote mbili vya kutosha kabla ya kuanza, na usizime chochote katikati ya safari.

Njia nyingine ni hifadhi ya wingu, yaani nakala za rekodi zinazotunzwa na kampuni kupitia intaneti, inayokuja na uanachama wa kulipia wa Nintendo Switch Online, huduma iliyoanza Septemba 2018. Inafaa sana kama akiba, lakini binafsi nisingeitegemea peke yake katika jambo kama lako, kwani si kila mchezo unaikubali. Splatoon 2 ulikataa tangu mwanzo, na Animal Crossing: New Horizons una utaratibu wake wa pekee wa kuhifadhi kisiwa, ambao huna budi kuuwasha mwenyewe. Tena uanachama ukiisha, rekodi zilizo kwenye wingu hubaki kwa siku 180 ukingojewa urudi kulipia.

Na kuna njia ya mkato ambayo naomba usiifuate: kufuta jina lako tu kwenye orodha ya watumiaji ukidhani kwamba rekodi zitabaki kwenye mashine. Mtumiaji akifutwa, rekodi zake zote hufutwa pamoja naye. Ajabu ni kwamba kufuta mchezo wenyewe, jambo ambalo watu huliogopa zaidi, hakuigusi rekodi hata kidogo. Ukiupakua tena mwakani utaikuta inakungoja.

Ukimaliza kuhamisha, fungua ule mchezo wa saa 200 kwenye mashine mpya, ingia ndani kabisa mpaka umwone mhusika wako amesimama pale ulipomwacha, na vitu vyake vyote mfukoni. Hapo ndipo uirudie mashine ya zamani na kuifuta.

SWALI: Ndugu Mhariri, mimi nimeshafanya kosa, sijui kama lina dawa. Niliifomati Nintendo 3DS yangu, yaani niliifuta yote. Kwa tahadhari niliichomoa kadi ya SD mapema, tena nikanakili kila kilichomo kwenye kompyuta. Sasa nimeirudisha kadi, na menyu ni tupu. Nikiifungua kadi kwenye kompyuta naona mafaili yote yapo na nafasi yake bado imejaa. Yamekuwaje? (Aliyejaribu kuwa mwangalifu)

JIBU: Pole sana. Tahadhari uliyochukua ingeokoa vitu kwenye vifaa vingine vingi, ndiyo maana jibu hili ni gumu kuliandika.

Fungua kadi hiyo tena kwenye kompyuta uingie ndani ya folda yenye jina la konsoli. Humo utakuta folda mbili zilizokaa sambamba, kila moja ikiwa na jina refu la herufi na tarakimu 32 lisilosomeka kama neno lolote. Ile nzito ndiyo ya zamani, yenye michezo yako yote. Ile nyepesi iliundwa siku uliporudisha kadi baada ya kufomati. Majina hayo hutokana na ufunguo wa siri uliomo ndani ya konsoli, na ufunguo huo huo ndio unaosimba (yaani kulifunga lisisomeke bila ufunguo) kila faili linaloandikwa kwenye SD. Ulipofomati, konsoli ilijitengenezea ufunguo mpya. Plastiki ni ile ile na skrini ni zile zile, lakini kwa kadi yako ni mgeni kabisa, sawa na mtu aliyebadilisha kitasa cha mlango wake mwenyewe akautupa ufunguo wa zamani. Nakala uliyoiweka kwenye kompyuta imefungwa kwa kitasa hicho hicho cha kwanza, hivyo hata ukiirudisha mara kumi haitafunguka.

Hata hivyo, si vyote vilivyopotea. Michezo uliyokuwa nayo kwa kadi zake, iwe ya 3DS au ya DS, kwa kawaida hujihifadhi ndani ya kadi hizo, na kufomati konsoli hakuifikii, ipachike utaona. Baadhi yake ilikuwa ikiweka vitu vya ziada kwenye SD, na hivyo vimekwenda, lakini safari yenyewe ipo. Michezo uliyoinunua kwa kupakua unaweza kuipakua tena kupitia akaunti ile ile, kwani duka lake lilifungwa kwa ununuzi Machi 27, 2023, ila upakuaji wa vilivyokwisha kununuliwa uliachwa uendelee. Itakuja bila rekodi zako za zamani.

Nakushauri usiifute hiyo nakala iliyo kwenye kompyuta ikiwa nafasi ipo, ingawa sitakudanganya kwamba itakusaidia hivi karibuni.

Kwa kulinganisha tu, PSP, konsoli ya mkononi ya Sony ya mwaka 2004, ilikuwa na roho nyeupe zaidi katika jambo hili. Rekodi zake hukaa kwenye kadi yake ya kumbukumbu, Memory Stick, ndani ya folda ya PSP, kisha SAVEDATA, na kurudisha mipangilio ya awali ya mashine hakuzigusi. Unainakili folda hiyo kwenye kompyuta, unairudisha baadaye, na mchezo unaendelea. Mrithi wake, PS Vita, alikaza kamba: kadi yake ya kumbukumbu imefungamana na akaunti, na ukiingia kwa akaunti nyingine mashine itakutaka uifomati kadi kabla ya kuitumia. Watu wengi walizipoteza rekodi zao hapo, mbele ya swali waliloliitikia bila kulisoma.

SWALI: Nina Steam Deck (konsoli ya mkononi inayocheza michezo ya duka la Steam) ambayo nataka kuirudisha katika hali ya kiwandani. Je, wingu la Steam linatosha?

JIBU: Linatosha kwa michezo inayolitumia, na hiyo ni mingi, lakini si yote. Fungua ukurasa wa kila mchezo unaoujali uangalie kama una alama ya wingu na kama umekwisha kusawazishwa. Usio na alama hiyo, ingia kwenye hali ya kompyuta ya mezani, tafuta folda ya rekodi zake uinakili kwenye diski nyingine, kwani mashine hii ni kompyuta kamili na haikufichi mafaili yako. Baada ya kufuta na kuingia tena, iwapo utaulizwa uchague kati ya rekodi ya wingu na ya kifaa, tazama tarehe zilizoandikwa kando ya kila moja kabla ya kubonyeza. Ile iliyozaliwa dakika tano zilizopita ndiyo tupu.

SWALI: Ndugu Mhariri, nilimpa mwanangu Game Boy yangu ya utotoni pamoja na katriji ya Pokémon. Alipokuwa akicheza alibonyeza vitufe vinne kwa pamoja, mchezo ukarudi mwanzo kabisa. Je, amefuta kumbukumbu zangu za miaka yote hiyo?

JIBU: Mwanao hana kosa. Kubonyeza A, B, Start na Select kwa pamoja katika michezo hiyo huuanzisha mchezo upya tu, kana kwamba umezima na kuwasha. Hatari ipo hatua moja mbele: katriji hizo zina nafasi moja tu ya kuhifadhi, kwa hiyo akichagua kuanza mchezo mpya, akatembea kidogo, kisha akahifadhi, rekodi yake itakaa juu ya yako. Mpaka atakapohifadhi, yako ipo salama.

Ikiwa chaguo la kuendelea halionekani kabisa, mshukiwa wangu wa kwanza ni betri. Ndani ya katriji za wakati ule kuna betri ndogo bapa kama sarafu, iliyochomelewa kwenye bodi, ambayo kazi yake ni kuipa umeme kumbukumbu usiku na mchana, hata katriji ikiwa kabatini. Betri hiyo ikiisha, rekodi hufutika kimyakimya. Zile za Pokémon Gold na Silver huchoka mapema zaidi kwa sababu betri hiyo hiyo huendesha pia saa ya mchezo. Ruby na Sapphire, zilizokuja baadaye kwa Game Boy Advance, zilihifadhi rekodi kwenye kumbukumbu isiyohitaji umeme wa kudumu, na ndiyo maana betri ikifa zenyewe hukuarifu kwamba utaendelea kucheza ila mambo yanayotegemea saa hayatatokea tena.

Kama rekodi yako bado inaonekana, usikimbilie kubadilisha betri kwa wema, kwa kuwa ukiichomoa ile ya zamani umeme unakatika na kila kitu kinaondoka nayo. Vipo vifaa vidogo vya kusomea katriji vinavyounganishwa na kompyuta kwa waya wa USB. Nakili rekodi kwanza kwa kifaa hicho, ndipo fundi achomelee betri mpya, kisha uiandike rekodi upya ndani ya katriji.