Amua rangi kabla ya kuwasha kamera: somo la Sławomir Idziak

Vijana wanaoanza kupiga filamu huniuliza wanunue kamera gani. Mimi huwaelekeza kwanza kwa Sławomir Idziak, mpigapicha wa Poland aliyezaliwa Katowice mwaka 1945 na kusomea shule ya filamu ya Łódź.

Anza na A Short Film About Killing ya mwaka 1988, iliyoongozwa na Krzysztof Kieślowski. Kijana anamuua dereva wa teksi, kisha dola nayo inamnyonga kijana. Idziak alitengeneza mwenyewe filta za kijani, yaani vioo vya kubadili rangi, akaziweka mbele ya lenzi, nyingine zikitia giza sehemu za fremu, lile eneo ambalo kamera inaliona. Warszawa ikageuka mji mgonjwa: anga la manjano, nyuso zilizopauka kama hazina damu, na kingo za picha zimemezwa kiza hata mpita njia humtambui. Macho yako hayana pa kukimbilia. Hapo ndipo nilipoelewa kuwa kuficha nako ni kazi ya mpigapicha.

Tena aliifanya palepale kwenye kamera. Siku hizi tunarekodi picha iliyopooza, rangi zake hafifu; rangi tunaisubiri kwenye kompyuta. Ushauri wangu: kata shauri mapema na mwongozaji wako. Rangi ikijulikana, wa mavazi anajua achague nguo gani, wa mandhari anajua ukuta upakwe nini, nawe unajua jua la saa ngapi linakufaa. Katika filamu fupi ninazopiga, hubandika vipande vya plastiki ya rangi kwenye kioo mbele ya lenzi, vikafunika sehemu tu ya fremu. Mwigizaji akiiona picha ile kwenye monita, hata sauti yake hubadilika.

Usikariri lakini kwamba kijani ni mauti. Mwaka 1991, katika The Double Life of Véronique, Idziak na Kieślowski walitumia dhahabu yenye ukijani, na dunia ikaonekana ya kupendwa. Three Colours: Blue ya 1993 ilimpa Idziak tuzo ya upigaji picha katika tamasha la filamu la Venice. Mjane amelala hospitali, na daktari tunamwona ndani ya mboni ya jicho lake. Sijaona njia fupi zaidi ya kutuingiza katika upweke wa mtu.

Black Hawk Down (2001), iliyopigwa Moroko ikisimulia mapigano ya wanajeshi wa Marekani na Wasomali mjini Mogadishu mwaka 1993, ilimfikisha kwenye uteuzi wa Oscar. Ustadi wake siupingi. Ila humo wanaozama katika vumbi na vivuli ni Wasomali wenyewe, na mimi mtu wa Afrika Mashariki hilo linaniuma. Unapochagua nini kiingie gizani, jiulize ni nani unamzamisha.

Filamu hizi zitazame mara mbili, ya pili ukiwa umezima sauti, na uwe na daftari. Andika kila ambacho huwezi kukiona.